Silaha katika filamu za kuokoteza: maswali yanayoulizwa mara kwa mara, Arusha na Moshi

Majibu haya ni kwa wanaotengeneza filamu fupi kutokana na mikanda ya watu wengine, hasa mikanda yenye bunduki, mabomu, mikuki na mapanga ndani yake. Kila jibu linajitegemea. Palipo na jambo lililokwisha elezwa, tumetaja namba ya swali.

## Mambo ya awali

1. Filamu ya kuokoteza ni ipi hasa?

Ni filamu iliyotengenezwa kwa picha ambazo mtengenezaji hakuzipiga yeye: taarifa za habari za zamani, mafunzo ya jeshi, matangazo, filamu za Hollywood, mikanda ya nyumbani. Anazikata, anazipanga upya, anabadili kasi na sauti, hadi ziseme jambo ambalo mpigaji wa kwanza hakulikusudia. Mwaka 1927 Esfir Shub wa Urusi aliunganisha mikanda ya habari ya zama za Tsar na kuonyesha ukoo wa Romanov ukianguka. Mwaka 1936 Joseph Cornell, New York, alichukua filamu moja ya Hollywood ya 1931, akaikata ikabaki kama dakika 20, akaionyesha kupitia kioo cha bluu.

Zile filamu za kutisha ambazo waigizaji hutikisa kamera na kudai mkanda uliokotwa msituni ni aina nyingine kabisa. Zile zimepigwa upya mwanzo hadi mwisho.

2. Mbona kila nikigusa mikanda ya zamani nakutana na silaha?

Kwanza, serikali zilipiga picha nyingi mno za vita, na picha hizo ni rahisi kupatikana: kazi za serikali kuu ya Marekani hazina hakimiliki nchini humo. Pili, silaha humsaidia mhariri kuliko kifaa kingine chochote. Ukionyesha mtutu umeelekezwa kulia, mtazamaji anasubiri kuona kilichoko kulia, na wewe ndiye unayeamua kiwe nini.

Mfano ulio wazi kuliko yote uko katika *A MOVIE* ya Bruce Conner (1958, dakika 12). Nahodha wa nyambizi anachungulia kwenye periskopu, mkato, mwanamke aliyevaa nguo chache, mkato, kombora la majini linafyatuliwa, mkato, wingu la bomu la nyuklia. Vipande hivyo havina uhusiano wowote. Aliyepiga nyambizi hakujua habari za yule mwanamke. Uhusiano wote umo kwenye mikato.

Aliyekulia kwenye vibanda umiza vya Kaloleni au Majengo anaujua ufundi huu bila kufundishwa: steringi anafyatua, adui anaanguka, na wawili hao hawajawahi kuonekana ndani ya fremu moja. Kwenye filamu ya kuokoteza unaichukua tabia hiyo ya macho na kuipeleka kwingine.

3. Ni lazima mtu aonekane akipigwa risasi?

Hapana, na kwa kawaida filamu inakuwa dhaifu zaidi akionekana. Katika *Report* (1967), inayohusu kuuawa kwa Rais Kennedy wa Marekani, Conner anaweka kwa muda mrefu fremu nyeusi na nyeupe zinazopepesa huku redio ikiendelea kutangaza. Hakuna picha ya risasi ikimpata mtu. Harun Farocki, katika filamu yake ya mwaka 1969 kuhusu napamu (kemikali ya vita inayounguza), alijizimia sigara mkononi na kusema sigara inaungua kwa nyuzi kama 400 na napamu kwa 3,000. Hiyo siyo ya kuokoteza, lakini kila anayetaka kupachika maiti kwenye filamu yake aitazame kwanza.

4. Nianze kutazama kazi zipi?

Pamoja na zilizotajwa: *Crossroads* ya Conner (1976), ambayo ni picha za mlipuko mmoja tu wa nyuklia, jaribio la Baker la tarehe 25 Julai 1946 huko visiwa vya Bikini, Pasifiki, zikirudiwa taratibu kutoka pembe mbalimbali kwa zaidi ya nusu saa. *Crossfire* ya Christian Marclay (2007): skrini nne, mtazamaji katikati, waigizaji wa Hollywood wanamfyatulia kutoka pande zote, na milio imepangwa kama ngoma. *Perfect Film* ya Ken Jacobs, mkanda wa habari uliotupwa kuhusu kuuawa kwa Malcolm X, ambao aliuacha karibu kama alivyoukuta. Na kazi za Yervant Gianikian na Angela Ricci Lucchi, waliopiga upya mikanda ya kikoloni na ya vita fremu kwa fremu, wakaipunguza kasi na kuitia rangi. Hao wawili ndio wenye faida kubwa kwetu, kwa sababu ya yaliyo katika swali la 7.

## Kupata mikanda

5. Huku kwetu nitaipata wapi?

Kanda za VHS bado zinajitokeza kwenye mitumba ya Memorial, Moshi, na Kilombero, Arusha, mara nyingi zimefungwa pamoja na deki mbovu. Mikebe ya milimita 16 huonekana kwenye stoo za shule kongwe na misheni. Omba kwa maandishi, na mwenye stoo asaini kwamba umeazima au umepewa. Bila karatasi hiyo utakwama kwenye swali la 13.

Mtandaoni, anza na mkusanyiko wa Prelinger ndani ya Internet Archive, kisha katalogi ya Colonial Film ya Uingereza, ambayo ina maelezo ya filamu nyingi zilizopigwa Tanganyika hata pale picha zenyewe hazipo. Kati ya 1935 na 1937 mradi wa BEKE ulitengeneza filamu za kufundisha wananchi ukiwa Vugiri, Usambara. Majaribio ya nyuklia ya Marekani yaliyoondolewa usiri yanawekwa mtandaoni na maabara ya Lawrence Livermore tangu 2017.

6. Kanda ya VHS inaonyesha picha nyeusi na nyeupe inayoruka. Imeharibika?

Pengine ni ya Marekani. Deki zetu ni za mfumo wa PAL (fremu 25 kwa sekunde), kanda ya Marekani ni ya mfumo wa NTSC (29.97). Tafuta deki inayosoma mifumo yote miwili kabla ya kuitupa. Kama picha ina rangi lakini ina mistari ya chenga juu au chini, rekebisha trakingi na usafishe kichwa cha deki kwa spiriti na kitambaa kisichotoa nyuzi, ukikipitisha kwa mlalo na kamwe si kwa kupandisha na kushusha. Ukirekodi kwa DV (aina ya faili la video ya dijitali), tenga nafasi ya GB 13 kwa kila saa.

7. Vipi filamu za uwindaji? Zimejaa bunduki na mandhari ya kwetu.

Hapa ndipo pana utajiri, na ndipo watu huharibu. Katika *Simba* ya Martin na Osa Johnson (1928), iliyopigwa Afrika Mashariki, mmoja anazungusha kamera na mwingine amesimama na bunduki. Ukitazama kwa fremu moja moja, utaona mara nyingi mtutu na lenzi vinaangalia mahali pamoja. Hiyo peke yake ni filamu ya dakika 3: ondoa wanyama wote, bakiza mikono, mitutu, na Waafrika waliosimama nyuma ya mwenye bunduki wamebeba mizigo. Usiongeze maelezo ya sauti.

Peter Kubelka wa Austria alikwenda na wawindaji wa nchi yake, kisha akahariri kwa miaka kadhaa hadi 1966 filamu ya dakika kama 12. Picha alizipiga mwenyewe, ila alizitendea kama za kuokota: mlio wa bunduki wa mahali pamoja anaupachika kwenye picha ya mahali pengine, na kofia, mkono au tendo lolote dogo linageuka shabaha.

Filamu maarufu ya Howard Hawks iliyopigwa Momella na kutoka mwaka 1962, *Hatari!*, ile ya John Wayne, kila mtu huiwazia kwanza. Huko Marekani bado ina mwenyewe. Itazame, jifunze, usiikate.

8. Mkebe unanuka siki. Nifanye nini?

Asetati, yaani plastiki ya mkanda wenyewe, inaoza, na uozo huo huambukiza mikanda ya jirani. Utenge na mingine leo hii, uuache upumue mahali pa baridi na pakavu (Arusha afadhali kuliko Moshi mjini), na uskani mapema kabla haujasinyaa. Mkanda uliosinyaa hauingii vizuri kwenye meno ya projekta. Ukiulazimisha, mashimo ya pembeni yanachanika.

Kwa mkanda wa milimita 35 wa kabla ya 1951, soma maandishi ya pembeni. Ukiona NITRATE (naitreti, plastiki ya zamani inayoshika moto kirahisi), usiuweke kwenye projekta na usiuhifadhi ndani ya nyumba. Unawaka hata chini ya maji. Milimita 16 haikutengenezwa kwa naitreti, hiyo hofu ondoa.

## Kazi ya mezani

9. Bunduki inafyatuliwa lakini moto wa mtutu hauonekani. Nani ameufuta?

Hakuna aliyeufuta, ila unaweza kuwa umeumaliza wewe wakati wa kugeuza faili. Moto wa mtutu hudumu milisekunde chache. Kamera ya filamu inayokwenda fremu 24 kwa sekunde huwa imefunga shata (kizuizi cha mwanga) karibu nusu ya muda, hivyo mifyatuo mingi haikunaswa tangu mwanzo. Ile iliyonaswa iko kwenye fremu moja tu, na fremu moja hupotea kirahisi kwa njia hizi:

Ukigeuza 24 kwenda 25 kwa kuchanganya fremu, moto unagawanyika kuwa vivuli viwili hafifu. Badala yake, ongeza kasi kwa asilimia 4 ili kila fremu ibaki nzima, kisha rudisha sauti kwenye kimo chake. Kwenye VHS, kila fremu ina nusu mbili zilizopigwa kwa wakati tofauti, na moto unaweza kuwa kwenye nusu moja. Programu ikitupa nusu hiyo, moto umekwenda. Tumia kichujio cha bwdif, kinachotenganisha nusu hizo, ndani ya ffmpeg (programu ya kugeuza video) na utoe picha 50 kwa sekunde, kisha chagua mwenyewe. Na ukirekodi kwa simu picha ya projekta ukutani, sensa husoma picha mstari kwa mstari, hivyo mwanga unatokea kama mkanda mweupe nusu ya skrini. Wengine huupenda mkanda huo, na si vibaya kuuacha.

Kabla ya kukata chochote, pitia mkanda mzima fremu kwa fremu na uandike namba ya kila fremu yenye moto. Ni kazi ya kuchosha. Ndiyo filamu yenyewe.

10. Nimekata mkanda halisi wa milimita 16 palepale bunduki inapolia, na mlio haupo. Umekwenda wapi?

Uko kwenye kipande ulichotupa. Kwenye milimita 16, sauti ya macho (iliyochapishwa kama alama pembeni mwa mkanda na kusomwa kwa mwanga) iko fremu 26 mbele ya picha yake, yaani sekunde moja na kidogo kwa kasi ya 24. Ukianza kipande na fremu ya mfyatuo, sauti ya fremu hiyo imebaki upande wa pili wa mkasi. Kibaya zaidi, kwa fremu 26 za kwanza utasikia sauti ya kipande kilichotangulia.

Kuna njia mbili. Skani kwanza, ukate kwenye kompyuta. Au ikubali sheria ya mkanda na uitumie: weka kabla ya bunduki kipande chenye sauti unayotaka ivuje juu yake, kwa mfano makofi au wimbo wa shule. Mtutu unaonekana, makofi yanaendelea kwa sekunde nzima.

11. Naweza kuifuta bunduki yenyewe na kumwacha mtu ameshika hewa?

Ndiyo, kwa rangi ya kucha na jiki. Naomi Uman alitumia mbinu hiyo mwaka 1999 kumwondoa mwanamke kwenye mkanda wa ngono. Fremu ya milimita 16 ni kama milimita 10 kwa 7.5, bastola ndani yake yaweza kuwa milimita 2, kwa hiyo unahitaji lenzi ya fundi saa, kisanduku cha mwanga na brashi yenye nywele chache.

Tafuta kwanza upande wa dawa, yaani ule wenye picha: gusisha ncha ya mkanda kwenye mdomo uliolowa, upande unaonata ndio. Paka rangi ya kucha isiyo na rangi kila mahali isipokuwa kwenye bunduki, na upande wa pili wote usiguse. Acha ikauke kabisa, angalau saa moja. Changanya jiki na maji nusu kwa nusu kwenye bakuli la plastiki, tumbukiza kipande, ukitikise taratibu. Dawa iliyo wazi huanza kulainika na kutoka ndani ya muda mfupi. Ukichelewa, jiki inapenya chini ya kingo za rangi na mkono unaliwa pamoja na bunduki. Suuza kwa maji mengi, anika kwa vibanio mbali na vumbi.

Sekunde 5 ni fremu 120, na mkono wako hautatulia sawasawa kwenye zote, hivyo tundu jeupe litachezacheza. Ndivyo inavyotakiwa. Kuondoa rangi ya kucha baadaye usitumie asetoni, inalainisha mkanda wa asetati; tafuta kiondoaji kisicho na asetoni na ujaribu kwenye ncha. Jiki isichanganywe na siki wala kisafishio chenye amonia, inatoa gesi ya sumu. Na usifanye haya kwenye nakala pekee iliyopo.

12. Milio ya risasi niitendee vipi?

Kama picha ni ya habari ya kweli, heshimu umbali. Sauti husafiri kama mita 340 kwa sekunde, karibu mita 13.6 kwa kila fremu ya PAL. Mfyatuaji aliye mita 136 anasikika fremu 10 baadaye. Mlio ukigongana na moto wakati mtu yuko mbali, ujue sauti imepachikwa studio, na hiyo yenyewe ni habari unayoweza kumwonyesha mtazamaji: cheza kipande mara mbili, mara ya pili sogeza mlio mahali pake.

Weka kilele kisichozidi -6 dB. Mkato wa sauti uanzie mawimbi yanapokata sifuri, vinginevyo utaongeza tiki inayofanana na kifyatulio. Milio inayofuatana haraka huleta pia mimweko inayofuatana: usizidishe mimweko 3 kwa sekunde kwenye sehemu kubwa ya skrini, maana kupepesa kwa kasi zaidi ya hapo huweza kuamsha kifafa kwa baadhi ya watu. Kama filamu haiwezekani bila kupepesa, tangaza kwa mdomo kabla ya kuzima taa. Maandishi mlangoni hayasomwi.

## Sheria na maonyesho

13. Hakimiliki ikoje?

Kwa Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999, filamu hulindwa miaka 50. Marekani huhesabu miaka 95 kwa filamu za zamani, kwa hiyo kazi inaweza kuwa huru hapa na bado kufungiwa na YouTube. Andika daftari: kila kipande, kimetoka wapi, mwaka, nani kakupa, karatasi iko wapi. Kwa kisichoeleweka, waulize COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kabla ya kuhariri.

14. Sikupiga picha yoyote. Bado nahitaji kibali?

Kuonyesha hadharani ni jambo lingine na kupiga picha. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya 1976 inataka filamu ikaguliwe na kupewa daraja la umri, iwe umeipiga au umeiokota. Anza kwa Afisa Utamaduni wa halmashauri, atakuelekeza Bodi ya Filamu. Peleka na maelezo ya ukurasa mmoja yanayotaja kila silaha na inakotoka. Mkaguzi ambaye hajawahi kuona filamu ya aina hii akikuta bunduki 40 ndani ya dakika 4 bila maelezo atakupa daraja la juu kabisa, na huwezi kumlaumu. Ukiweka mtandaoni, soma pia Kanuni za Maudhui ya Mtandaoni za 2020.

15. Maonyesho ya nje, usiku, yenye milio ya bunduki?

Mjulishe mwenyekiti wa mtaa na kituo cha polisi kwa barua, ukitaja saa. Elekeza spika ndani, kwa watazamaji, na punguza besi. Besi ndiyo inayofika mtaa wa tatu. Kwa Arusha, kumbuka kwamba mwaka 2013 mabomu yalilipuka Olasiti na Soweto. Mlipuko wa ghafla gizani, kabla watu hawajajua wanatazama nini, usiwe fremu ya kwanza.

## Yaliyo pembezoni

16. Panga ni silaha au jembe? Nina picha za aina zote mbili.

Kwenye mkanda, linageuka kwa kinachofuata. Panga likikata mkungu wa ndizi Kibosho, halafu mkato ukaenda kwenye uso wenye hofu, tayari umemshtaki mkulima. Usifanye hivyo kwa bahati mbaya. Bakiza kipande hadi mkungu uanguke, ndipo ukate.

Uangalifu uzidi pale mji wa Arusha unapohusika. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda ilikaa Arusha hadi mwisho wa 2015, na kumbukumbu zake, zikiwamo rekodi za mashauri, ziko Lakilaki. Zipo zilizo wazi kwa umma na zipo zilizofichwa kulinda mashahidi. Omba kwa utaratibu, na usijaribu kurudisha sauti au sura iliyofichwa. Picha ya mtu anayeuawa kweli isitumike kama kiungo cha mdundo. Mbinu za swali la 10 na la 12 hazimhusu.

17. Nataka kuongeza kipande kimoja nilichopiga mwenyewe nikiwa na bastola bandia.

Barabarani, hapana. Polisi na bodaboda wataona bastola, hawataona plastiki. Fanya ndani, kwa kibali, bila sare zinazofanana na za jeshi, ambazo raia haruhusiwi kuvaa. Au piga kivuli cha mkono ukutani. Kwenye filamu iliyojaa mitutu halisi, kivuli kinatosha.

18. Picha za akili mnemba zinahesabika kuwa za kuokota?

Hazihesabiki. Hakuna aliyekuwapo, hakuna mkanda, na mara nyingi bunduki ina kifyatulio mahali pasipo pake. Ukizitumia, zitaje kwenye maandishi ya mwisho kwa jina lake, zisijifiche katikati ya za mwaka 1946.

19. Kwenye sanduku la mikebe nimekuta bunduki yenyewe.

Usiiguse, usiipige picha ya kupachika kwenye filamu, usiipeleke kituoni ukiwa umeibeba kwenye daladala. Funga chumba, waite polisi waje kuichukua. Sheria ya udhibiti wa silaha ya 2015 haitofautishi gobore la babu na jingine lolote lisilo na leseni. Mikebe iorodheshwe mbele yao, kila mmoja kwa maandishi ya kwenye kifuniko, ili isichukuliwe nayo kuwa vielelezo bila wewe kubaki na nakala ya orodha.